Ombi la Kumwondoa Mvamizi Kifuani Kwangu

Methusela Ndahani,
Nyuma ya pazia la kitenge,
Wodi ya watoto njiti,
Dodoma.
Mwezi wa saba, upepo ukiwa mkali.

Ndugu Thobias,
Mwenyekiti wa Baraza la Ardhi,
Kata yetu.

Ndugu Mwenyekiti,

YAH: KUVAMIWA KWA KIFUA CHANGU NA MTU ASIYE NA HATI, KIBALI WALA SHATI

Tafadhali rejea kichwa cha barua hapo juu, kisha ukirudie polepole, maana najua miwani yako huwa unaiacha nyumbani makusudi ili katibu akusomee.

Mimi ni yule yule Methusela, mkulima wa zabibu kule Hombolo na mkazi wa kata yako, niliyetoka jando msimu mmoja na wewe. Barazani kwako mimi si mgeni. Nimekuletea shauri la minyaa ya mpaka ya jirani yangu Batholomeo iliyoingia shambani kwangu, naye akaapa kwamba imetembea yenyewe. Nimekuletea shauri la njia ya mbuzi, na shauri la lile jiwe la mpaka ambalo wapimaji walilisimika katikati ya jiko la mke wangu. Wenye midomo yao wanasema napenda kesi. Si kweli. Napenda haki, ila haki yenyewe ndiyo inayopenda kukaa barazani. Leo nakuletea shauri ambalo hata mimi sikulitarajia, na naliandika kwa mkono mmoja, kwa sababu mkono wa pili umemshikilia mlalamikiwa asiteleze.

Mlalamikiwa ni mjukuu wangu. Jina hana bado. Mkononi amefungwa kitambulisho kilichoandikwa "Mtoto wa Jenifa", basi. Jenifa ni mke wa mwanangu Joshua. Alipata kifafa cha mimba, akafanyiwa upasuaji kabla ya miezi yake kutimia, na mlalamikiwa akatoka akiwa na gramu elfu moja na mia mbili. Mwenyekiti, chukua mfuko wa sukari wa kilo moja, ongezea viganja vichache vya chumvi, halafu uvalishe kofia. Huyo ndiye ninayemshitaki.

Jenifa alilazwa jengo la pili, akiwa hajitambui vizuri. Joshua yuko Kigoma kwenye ujenzi wa reli, akipiga simu na kulia hadi salio linakatika. Mke wangu Raheli ndiye aliyeitwa wa kwanza kumbeba mtoto, lakini alikuwa na mafua na kikohozi, nesi akamgeuza mlangoni. Tulipohesabiana ukoo mzima uliosimama pale kwenye korido, mwenye kifua kikavu tukakuta ni mimi peke yangu.

Nesi mwenyewe anaitwa Violeth. Ni Mhehe wa Iringa, na hapo ndipo balaa lilipoanzia, kwa sababu mimi ni Mgogo na yeye ni mtani wangu. Alikuja akiwa na kitenge begani, akanitazama kuanzia juu mpaka chini, akaniambia nivue shati. Mwenyekiti, wewe unajua mila. Mtani akikwambia vua shati, unavua, maana ukikataa amekushinda mbele za watu. Nikavua huku nikicheka, nikisubiri animwagie majivu au anipake masizi kama wafanyavyo kwenye matanga. Badala yake akanipachika mtu. Akamlaza kifuani kwangu akiwa uchi, nepi na kofia na soksi tu, miguu imekunjwa kama ya chura, akanizungushia kitenge, akakaza fundo mgongoni, akaondoka. Nilikaa nikingoja arudi aseme alikuwa ananitania. Hajarudi kusema mpaka leo.

Baadaye alinieleza vizuri, na sina budi kuyaandika haya ili baraza lielewe. Mtoto aliyezaliwa kabla ya wakati hana mafuta chini ya ngozi, kwa hiyo joto halikai mwilini mwake. Linatoka kama joto la chai kwenye kikombe cha bati. Joto lake likishuka chini ya nyuzi thelathini na sita na nusu, nguvu zote alizonazo anazitumia kutafuta joto, na hazibaki za kupumua wala za kunyonya. Anaweza kuondoka mchana kweupe huku watu wakidhani amelala. Mashine za joto ziko chache na zina wenyewe. Njia iliyobaki ni kifua cha mtu, ngozi kwa ngozi, mchana kutwa na usiku. Wanaiita kangaruu, kwa jina la yule mnyama wa ng'ambo anayebeba mwanawe kwenye mfuko wa tumbo. Sasa, baada ya utangulizi huo, nayaleta malalamiko yangu kwa mpangilio.

1. Ugawaji haukufuata utaratibu. Hapakuwa na kikao, hapakubandikwa tangazo kwenye ofisi ya mtaa, na majirani wa eneo hawakushirikishwa. Hata tumbo langu, linalopakana na eneo husika upande wa kusini, halikuulizwa. Nesi alipima kwa macho, akasema hapa panafaa. Kifua hiki nakimiliki kimila tangu siku niliyozaliwa, hakijawahi kupimwa wala kurasimishwa, na maendelezo yaliyopo juu yake ni kovu la pembe ya ng'ombe pamoja na nywele nyeupe chache ambazo mimi nazihesabu kuwa mazao ya kudumu. Mvamizi alianza kuzing'oa siku hiyo hiyo. Anazikamata kwa vidole ambavyo ukivitazama huwezi kuamini vina mifupa, na akishakamata haachii. Fidia sidai, kwa kuwa tunafahamu sote jinsi fidia inavyokwenda. Nataka tu iandikwe kwamba mazao yameharibiwa.

2. Jina lake linapotosha umma. Nilipoambiwa kwamba niliyembeba ni mtoto njiti, nilifurahi, maana kwa baridi hii ya Julai nilidhani nimepata moto wa bure. Njiti ninayoijua mimi inakuja na moto wake kichwani, kazi yako ni kuikwaruza tu. Njiti gani hii ambayo inabidi ipashwe moto na mtu mzima? Nilimuuliza nesi swali hilo kwa heshima zote, naye akacheka hadi akashika ukuta, kisha akaenda kuwaita wenzake wawili nikalirudia. Nikaelezwa kwamba wanaitwa njiti kwa sababu ya wembamba. Basi wangesema mapema, mtu ajiandae kuwa kiberiti.

3. Matumizi ya ardhi yamebadilishwa bila ridhaa ya mwenye ardhi. Kabla ya uvamizi, eneo hili lilikuwa la mapumziko. Mfuko wa shati ulikuwa na kopo langu la ugoro, na upande wa pili nilikuwa naegemeza kiko jioni. Sasa nimekatazwa ugoro, nimekatazwa tumbaku ya aina yoyote, nimekatazwa mafuta yanayonukia, na naoga kwa sabuni kila siku katika baridi ambayo hata bata wanaikimbia. Siruhusiwi kulala kifudifudi. Siruhusiwi kuinama ghafla. Kupiga chafya naruhusiwa, ila nigeuze uso kwanza. Ndugu Mwenyekiti, Raheli ameniomba niache ugoro tangu tulipooana. Mchungaji amenihubiria jambo hilo kwa kunitazama usoni, Jumapili zisizo na idadi. Wote walishindwa. Halafu anakuja mtu ambaye kope zake bado hazijaota sawasawa, hasemi neno, ananilalia tu, na kopo langu linachukuliwa na Raheli kwenda kuhifadhia punje za chumvi. Kama huo si unyang'anyi, sijui tuuite nini.

4. Nimegeuzwa kuwa jiko, na hali ya hewa haizingatiwi. Asubuhi redio inasema Dodoma itakuwa na baridi na upepo, watu wavae nguo nzito. Tangazo hilo ni kwa ajili ya watu wengine wote isipokuwa mimi. Mimi natakiwa nikae na joto lile lile, upepo uvume usivume. Nesi akija kumpima mlalamikiwa na kukuta joto limepungua kidogo, hamtazami mlalamikiwa. Ananitazama mimi, jinsi unavyotazama jiko lililowekewa mkaa wenye unyevu. Kisha ananiuliza kama nimekula. Naletewa uji. Naletewa uji tena. Nimekunywa uji mwingi kwa ajili ya mtu mwingine kuliko niliowahi kunywa kwa ajili yangu mwenyewe, na mlalamikiwa anaendelea kukaa pale bila hata kuuliza kuni zinatoka wapi.

Niliona huu ni uonevu, nikadai na mimi nipimwe. Kwani mimi sina nyuzi? Violeth akanipachika kipimo kwapani, akasubiri, akasoma thelathini na sita nukta nane, akanipa hongera na kunipigia makofi. Mama waliolazwa upande wa pili wa pazia nao wakapiga makofi. Sijapigiwa makofi tangu nilipomaliza darasa la saba, na sikukusudia kufurahi. Lakini ukweli ni kwamba tangu siku hiyo najipima kabla hajaja, nisije nikaaibika.

5. Pana dalili za wazi za milki pandikizi. Jambo hili unalijua, maana ndilo linaloujaza ukumbi wako: kiwanja kimoja, wamiliki wawili, kila mmoja na barua yake. Upande wa pili wa pazia yuko mama mmoja wa Chemba aliyejifungua mapacha, wote njiti. Huwaimbia kwa lugha ya kwao, ile yenye milio ya ulimi, na mlalamikiwa akiisikia hutulia kabisa, jambo ambalo hajawahi kunifanyia mimi nikiimba. Mama huyo anao kifua kimoja na watoto wawili, na ingawa wanapangika, wakati wa kunyonyesha mmoja huwa anabaki nje. Nesi Violeth alikuja kwangu akafunua pazia, akanitazama bega la kushoto, akasema mzee wangu, hapa mbona pana nafasi. Nafasi! Hivyo ndivyo walivyoanza na eneo la wazi la watoto wetu kuchezea mpira, sasa hivi lina maghorofa. Nilimwambia nitafikiria. Nilifikiria kwa muda wa uji kupoa, nikakubali, kwa masharti kwamba ni kwa dakika chache tu, na kwamba huyo wa pili aingie kama mpita njia, si kama mkazi. Nilikaa na wawili. Mlalamikiwa hakuonyesha pingamizi lolote kwa mgeni. Ila mimi nilimwona, Mwenyekiti, alisogeza mkono wake ukagusa wa mwenzake, mtu hajaishi hata mwezi na tayari anagawa viwanja visivyo vyake.

6. Mlalamikiwa aliondoka eneoni, kisha akarudishwa bila kibali kipya. Hili ndilo lalamiko zito kuliko yote, na naomba ulisome ukiwa umekaa.

Siku hiyo walikuja akina mama wa kanisa kutusalimia, wakiongozwa na dada yangu Paulina. Unamfahamu Paulina, mikono yake haiwezi kukaa bila kazi. Nami nilibanwa na haja, kwani uji nao una mambo yake. Nesi alikuwa amekimbilia kwa mama mwingine aliyekuwa anajifungua. Nikamkabidhi Paulina mlalamikiwa, nikamwonyesha jinsi ya kumweka kifuani, nikaenda. Niliporudi nilikuta beseni. Paulina alikuwa ameona mtoto bado ana utando wa kuzaliwa kwenye mikunjo ya shingo, akasema haiwezekani mtoto wa ukoo wetu akae mchafu hivi wageni wanamwona, akamwogesha. Maji alikuwa ameyapima kwa kiwiko, ya uvuguvugu mzuri. Hakuwa na nia mbaya hata kidogo. Amewaogesha wote wa ukoo huu, pamoja na Joshua mwenyewe. Lakini alikuwa anamfuta kwenye khanga karibu na dirisha, na upepo ule wa Julai ulikuwa unapita hapo hapo.

Mlalamikiwa hakuwa analia. Nilimshika mguu. Ulikuwa wa baridi kama bomba la maji asubuhi, na midomo ilikuwa na rangi ambayo sitaki kuiandika. Violeth alifika mbio, hakumfokea mtu. Alimpima, chini ya thelathini na tano. Akamkausha kichwa, akamvalisha kofia kavu, akageuka kunitafuta, akakuta nimeshavua. Kifungo cha shati kiliruka na hakijaonekana mpaka leo. Akamweka.

Niliogopa, Mwenyekiti. Nakuandikia wazi kwa kuwa tumetoka jando pamoja na huwezi kunicheka. Wazazi wangu nimewazika, ndugu nimewazika, nilikuwepo mwaka ule wa njaa tulipokula mizizi, sijawahi kuogopa namna ile. Alikuwa hana uzito wowote, na baridi yake ikaniingia hadi kwenye mifupa. Nikaanza kuongea naye Kigogo, ile ya zamani ya bibi yangu, na maneno yalipokwisha nikaanza kumweleza mipaka ya shamba la Hombolo, upande huu bwawa, upande huu mkuyu, upande huu kwa Batholomeo. Nikamweleza hukumu zako zote, na zile mbovu. Paulina alikuwa amekaa sakafuni analia na kuomba, mama wa Chemba naye alikuwa anaomba kwa dini yake upande wa pili wa pazia. Violeth alikuwa anapima, anaondoka, anarudi, anapima. Thelathini na tano. Thelathini na tano na nusu. Thelathini na sita. Tulikaa pale kwa muda ambao sitaki kuukumbuka. Aliposoma thelathini na sita na nusu, mlalamikiwa akapumua kwa nguvu, akakunja ngumi, akaninyea.

Kunyewa huko nakuandika kama lalamiko dogo ndani ya lalamiko kubwa, chini ya kifungu cha uchafuzi wa mazingira. Nepi ilikuwa imefungwa vibaya kwa haraka. Ilikuwa ya moto, Mwenyekiti. Ya moto kabisa. Nimewahi kuchafuliwa na watu wengi katika maisha yangu, hakuna aliyenifurahisha vile.

Lakini hoja ya kisheria inabaki pale pale. Mvamizi akishatoka kwenye eneo, umiliki wowote aliodhani anao unakatika, na akitaka kurudi anapaswa kuomba upya. Huyu hakuomba. Aliletwa na kulazwa tu. Na mimi mwenye eneo, badala ya kuweka pingamizi, nilirarua shati. Naomba baraza lieleze inakuwaje sheria inakaa kimya wakati kama ule.

7. Kuna mpango wa kupitisha barabara katika hifadhi. Jenifa, namshukuru Mungu, anaendelea vizuri. Sasa anajitambua, anakamua maziwa yake, yanaletwa kwenye kikombe kidogo na mlalamikiwa anayapata kwa mrija. Violeth amesema Jenifa akipata nguvu ya kukaa, mtoto ahamie kwa mama yake, na kwamba uhamisho utakuwa wa kifua kwa kifua, moja kwa moja, ili joto lisipotee hata kidogo njiani.

Mwenyekiti, Jenifa ni mkwe wangu! Tangu Joshua alipomwoa, hatujawahi kukaa kwenye benchi moja. Hatamki jina langu, wala mimi sipiti mlangoni alipokaa yeye. Nikitaka kumwambia kitu, namwambia mbuzi kwa sauti, naye anasikia. Hiyo ndiyo hifadhi waliyotuachia wazee, na upana wake ni mkubwa kuliko hifadhi ya barabara kuu ya kwenda Singida. Leo mtani wa Iringa anataka kunivusha kifua wazi mpaka upande wa pili. Tulijadiliana sana. Mwishowe tumefikia makubaliano kwamba Jenifa atakuwa nyuma ya pazia amejifunika khanga mbili, mimi nitakuwa nimeutazama ukuta, na Violeth atasimama katikati kama mpaka halali. Jenifa alipoletwa huku kwa kitanda cha magurudumu, tulifanya mazoezi kwa kutumia mfuko wa karanga. Mara ya kwanza karanga zilimwagika. Mara ya pili zilifika, na nikasikia nyuma ya pazia Jenifa akicheka, kicheko chake cha kwanza tangu augue, kisha akasema kwa sauti ndogo, "Asante, baba." Nilitazama dari. Mbuzi wa kumwambia kitu hakuwepo pale wodini, nikaiambia dari kwamba karanga zimefika salama.

Usuluhishi nimeshajaribu. Najua kwamba siku hizi baraza lako halitoi hukumu, linapatanisha tu, na kwamba utaniuliza kama wahusika wamekaa pamoja kwanza. Tumekaa. Hatujawahi kuachana. Nimemsomea mlalamikiwa malalamiko yote haya moja baada ya jingine, kwa sauti ya chini na kwa staha. Kwenye la kwanza alipiga miayo. Kwenye la tatu alipata kwikwi. Kwenye la nne alilala, na mpaka naandika hapa amelala, mdomo wazi, akinimwagia mate kwenye eneo lenye mgogoro. Hiyo ni dharau ya wazi kwa taratibu za usuluhishi, na ninao mashahidi.

Kwa sababu hizo zote, naomba baraza lako tukufu lifanye yafuatayo. Mlalamikiwa aamriwe kuondoka kifuani kwangu mara moja na bila masharti, akiwa na kofia yake. Kifua kirejeshwe kama kilivyokuwa, pamoja na nywele. Nesi Violeth azuiwe kutazama mabega ya wazee kwa jicho la mpimaji. Jina la njiti lipelekwe kwa wahusika litafutiwe lingine lenye ukweli ndani yake. Na Paulina asizuiwe kuja kutusalimia, ila mabeseni yafungiwe. Naomba haya yatendeke upesi, kwani haki ikicheleweshwa utakuta nimeshazoea.

Kwa leo naweka kalamu chini, kwa kuwa mkono umekufa ganzi na uji umeletwa. Nisalimie mama watoto wako, watoto wote na wajukuu, mwinjilisti, mama ntilie wa pale barazani na sambusa zake, na wale wazee wa benchi la nje wanaokuja kusikiliza kesi zisizowahusu. Batholomeo naye msalimie. Mwambie minyaa yake naiona hata nikiwa huku. Raheli anakusalimia sana, kikohozi kimekwisha, na anasema usinisikilize.

Ni mimi mwenye eneo, ambaye kwa sasa hawezi kuinama ili asaini vizuri,

Methusela Ndahani.

Nakala: Nesi Violeth, aipate kwa mkono, asicheke.
Nakala: Mlalamikiwa, asomewe akiamka.

Nyongeza: Barua hii usimpe katibu, na kipande hiki kisome peke yako. Violeth amepita sasa hivi. Jenifa ataanza kumbeba mtoto kesho mchana, nami nimeachiwa zamu iliyobaki mpaka mtoto afikishe kilo mbili, kisha wanaruhusiwa kwenda nyumbani. Nilimuuliza kama ule mzani wao una uhakika, kama hauwezi kuwa unazidisha, akaniambia hauzidishi. Sasa nimekumbuka kitu, Thobias. Ile sheria inayosema mtu akikaa kwenye ardhi miaka kumi na miwili bila kusumbuliwa basi ardhi inakuwa yake, bado ipo? Kama ipo, shauri langu naomba ulipangie tarehe mwaka wa kumi na tatu. Jalada likipotea, sitauliza. Ukipata udhuru, nitaelewa. Kufikia hapo atakuwa darasa la saba, na atakuja barazani kwa miguu yake mwenyewe, ajitetee.